Noti Iliyobaki Inalia

Mwenzangu, nimekwisha. Acha nikuandikie.

Nilikuwa namfundisha binti wa yule mpiga selo, ile fidla kubwa, wa kundi letu la watu wanne. Tunapiga fidla pamoja, mara nasikia noti moja inakwenda kombo. Nikamfokea: "Wewe! Masikio umeyaacha nyumbani?"

Akashusha upinde.

Noti ikaendelea kulia, kombo vilevile. Mwenzangu, IKAENDELEA! Ilikuwa yangu. Kidole changu cha mwisho kilikuwa kimekaa pembeni ya mahali pake, na mimi sihisi kitu.

Miaka ishirini na mbili jukwaani!

Nikajichekesha, nikamwambia yaishie humu humu.

Akainamisha kichwa. "Mwalimu, baba anajua. Wenzako wote watatu wanajua. Walisema usiambiwe mpaka onyesho la Jumamosi lipite."