Sinia ya Wapishi

Mpendwa Baba,

Tumekusomea khitma, na watu walikuja hata ukumbi ukajaa. Mimi ndiye niliyesimamia jiko. Tangu siku hiyo naona haya hata kuitazama picha yako ya sebuleni.

Unakumbuka walivyokucheka barazani wakikuita Bwana Masufuria? Waandishi wenzako wa hapa Amu waliandika habari za masultani na milango ya nakshi. Wewe kitabuni mwako ukaandika nani alilima mtama, nani alikata mikoko, nani alikuna nazi na yeye mwenyewe akala nini. Na nyumbani ulikuwa na sharti moja tu: sinia ya wapishi ipakuliwe kabla ya zote, itiwe nyama nzuri, ifunikwe kawa, asiiguse mtu. "Hata akija kadhi," ulisema, na mama akaguna.

Niliipakua, Baba. Wallahi niliipakua kwanza. Bi Zena na binti zake, tuliowaita kutoka Matondoni waje watupikie, walikuwa bado wamo moshini. Kisha wakafika wageni wako wa Mombasa, wale wasomi, boti iliwachelewesha, na masufuria yamebaki ukoko mtupu. Nikaogopa tutasemwa. Nikafunua kawa, nikaipeleka sinia ile ukumbini. Mmoja wao aliposhiba alisimama akakisifu kitabu chako, maneno mazuri kweli. Jikoni tulimsikia sote, Bi Zena akikwangua ukoko.

"Haidhuru, mwanangu," aliniambia. "Sina ndaa miye."

Juzi wasomi hao wamenipigia simu. Kitabu kinachapishwa tena, wanataka mimi binti yako niandike utangulizi. Nilikaa na karatasi mbele yangu, nikashindwa hata neno la kwanza. Ningeandika nini, na uso huu?

Kwa hiyo jana nilipika mwenyewe, nikaichukua sinia mpaka Matondoni. Nilitaka nimkabidhi, niombe radhi, niondoke. Bi Zena hakukubali. Akaninawisha, akaniketisha na binti zake, tukala pamoja. Nyama akaisukuma upande wangu, kama afanyiwavyo mgeni. Nikairudisha. Akaisukuma tena.

"Kula, mwanangu. Hukula siku ile."

Ni kweli, sikula. Yeye aliliona hilo, na mimi sikumtazama hata mara moja.

Nyama niliila, Baba. Utangulizi bado sijauandika.

Mola akulaze pema,
Mwanao, uliyemwachia jiko