Mama Mkwe, Ungetaka Nani Arudi Chomboni?

Mama mkwe mpendwa,

Shikamoo. Najua si kawaida mkwe kumwandikia mama mkwe barua ndefu namna hii, tena ya kuchekacheka, lakini miiko mimi na wewe tuliivunja zamani, na mwenye kuanza ulikuwa wewe. Kwa hiyo nivumilie.

Juzi mjukuu wako Neema alikuja na simu yake akaniambia kwamba ile tamthilia ya chombo cha angani inatengenezwa upya. Mashabiki wanaulizwa ni nani kati ya wahusika wa zamani wangependa apite tena, hata kwa dakika moja, asalimie na kuondoka. "Baba, si ulikuwaga unaiangalia? Wewe ungetaka nani arudi?" Nikamjibu bila kufikiri: Bibi Redio. Alitafuta weee, hakumpata. Nilicheka hadi nikakohoa, maana nilikuwa nimesahau kwamba jina hilo tulimpa sisi, na nje ya mtaa wetu wa Mukendo, hapa Musoma, halijulikani kabisa.

Unakumbuka ilivyoanza? Tulikuwa tumetoka kwenye miaka ya foleni za sabuni, zile za kupanga mawe mbele ya duka yatushikie nafasi huku wenyewe tuko shambani. Ghafla maduka yakajaa vitu, na vijana wa mjini wakaanza kuvaa mashati ya mitumba yenye maandishi wasiyoyaelewa. Mimi nilikuwa na kibanda changu cha kutengeneza redio. Ndugu yangu Magesa, utingo wa malori ya Nairobi, akaniletea televisheni kuukuu na deki iliyokufa, na baadaye mikanda ya tamthilia ile, ambayo rafiki yake alikuwa anairekodi huko. Nikaifufua deki. Jumapili ya kwanza baada ya ibada sebule yangu ilijaa majirani, wengine wamekalia ndoo.

Wewe ulikuwa umekuja kutoka Butiama kumsalimia binti yako Nyangeta, mke wangu. Ulikaa chumba cha ndani, nyuma ya pazia la kitenge, kwa sababu mimi nilikuwa sebuleni. Ndivyo ilivyotakiwa. Mwanamume na mama aliyemzaa mkewe hawakai chumba kimoja, hawali pamoja, hawatazamani usoni. Tangu nimwoe Nyangeta, ukinikuta njiani ulikuwa unaingia kwenye mihogo ya watu mpaka nipite, na mimi nikisikia sauti yako uani natokea mlango wa mbele. Waswahili husema macho hayana pazia. Yako yalikuwa nalo, ila siku ile ulilisogeza kidogo.

Nilijua umelisogeza kwa sababu katikati ya mkanda sauti ilitoka ndani: "Nyangeta, mwambie mumeo huyo mama mwenye vitu vya masikioni asimwamini huyo kipara."

Sebule nzima ikageuka. Mimi nikamtazama Nyangeta, aliyekuwa ameketi ubavuni pangu. "Mwambie mama huyo kipara ndiye nahodha."

"Mwambie hata nahodha anadanganyaga."

"Mwambie angoje aone."

Nyangeta, na ualimu wake wote, alivumilia kuwa simu kwa muda mfupi tu. "Jamani," akasema, "si mnasikiana."

Kweli tulikuwa tunasikiana. Kuanzia siku ile ukawa unakuja kila Jumapili yenye mkanda mpya, eti kumwona binti yako, na binti yako anajua, na mimi najua, na dereva wa pikapu ya Butiama naye anajua. Kwa kuwa Kiingereza chao kilitupita kwa kasi, tuliwapa watu wale majina yetu. Nahodha akabaki Kipara. Lile lidude la chuma lililotembea kama mtu tukaliita Bati, na wewe ukalihurumia kwa sababu halikuwahi kukaribishwa chakula. Yule mfanyabiashara wa kijani aliyewauzia mafuta ya chombo kwa bei ya kuruka akaitwa Mlanguzi. Na mama wa makamo aliyevaa vitu vya masikioni, akisikiliza sauti za mbali ambazo wenzake hawazisikii, ulimwita mwenyewe Bibi Redio. Nadhani ulimpenda kwa sababu na wewe ulikuwa mtu wa kusikiliza kutoka chumba kingine.

Halafu ukaja ule mkanda mbaya. Chombo kizito, hakiwezi kupaa na watu wote, na Bibi Redio akajitolea kubaki kwenye nyota ya mawe mekundu. Alisimama akawapungia mkono mpaka wakapotea. Majirani walitoka bila kuagana. Nyuma ya pazia nilisikia unapenga kamasi.

Jumapili iliyofuata kabla sijaweka mkanda ukatuma neno: huyo mama lazima arudi. Hapo ndipo kilipozaliwa kile kikao chetu cha kutaka fulani arudi, ambacho watu walikuja kukipenda kuliko tamthilia yenyewe. Jirani yetu fundi cherehani alimtaka Mlanguzi, arudi akamatwe. Wewe ukasema arudi, ila aje na sabuni. Mimi nilitaka baba yake Kipara ajitokeze amchape mwanawe kibao kimoja. Nyangeta akasema wahusika hawarudishwi kwa kelele za watu wa Musoma, na sauti yako ikamjibu taratibu kutoka ndani. "Sisemi arudi kukaa. Aliyebaki amebaki. Nataka apite tu, nimwone kama anakulaga vizuri. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Hicho chombo chao kinazunguka tu, hakitembelewi na mtu, ndiyo maana kila siku wanagombana."

Sijawahi kusikia uchambuzi bora zaidi ya huo mpaka leo.

Macho yako yakaanza kuingia ukungu. Ulificha, lakini ulimwuliza Nyangeta "huyo ni nani sasa?" mara kwa mara, nikaelewa. Ulihitaji kukaa karibu na kioo, na karibu na kioo ndiko nilikokaa mimi. Basi nikahama. Mwenye nyumba, mwenye televisheni, mwenye deki, nikawa natazamia dirishani nikiwa nje, pamoja na kuku. Wewe ukawekewa kiti mbele, kanga kichwani, mgongo kwangu. Msimu mzima nilikujua kwa kisogo. Ukiona kitu cha kukufurahisha, kisogo kilikuwa kinainama upande wa kushoto. Watu waliopita njiani walinicheka, na mimi nilikuwa nimefurahi kuliko wao wote.

Nikuambie sasa jambo ambalo wakati ule sikuweza kulisema kupitia dirisha. Mama yangu alifariki nikiwa mdogo mno, sina hata sura yake. Nililelewa na baba na shangazi huko Majita, nikalelewa vizuri, silalamiki. Lakini nilipooa nilidhani nimepata mama, kumbe nimepata mama wa kumkimbia njiani. Kwa hiyo kile kisogo kwangu hakikuwa kitu kidogo. Nilitamani siku moja nikae kwenye kiti cha pembeni yako, basi, tutazame kitu kimoja.

Ule mkanda uliopitiliza hadi Bunda unaukumbuka? Magesa aliupakia kwenye basi la kwenda Mwanza ili ushushwe njia panda ya Makutano, dereva akasahau, nami nikaufuata hadi stendi ya Bunda, nikaukuta umewekwa juu ya magunia ya pamba kana kwamba nao unakwenda kuchambuliwa. Tulipouweka, Bibi Redio akatokea. Yuko kwenye kiti chake, ana vitu vyake masikioni, anacheka. Sebule ililipuka. Fundi cherehani alimkumbatia mtu asiyemjua. Mimi dirishani nikaona mkono wa Kipara, ule uliokatwa miezi mingi nyuma, upo mzima na vidole vyake vyote. Ulikuwa mkanda wa zamani, Magesa ametuma nyuma mbele. Nikafungua mdomo niseme.

"Mkwe," ukasema bila kugeuka, na ilikuwa mara ya kwanza kuniita moja kwa moja, bila kumpitia Nyangeta. "Na mimi nimeuona huo mkono. Acha watu wafurahi."

Nikawaacha, na furaha ile ilidumu wiki nzima.

Kisha Magesa akaleta habari kwamba mkanda wa mwisho unakuja, na kwamba ndani yake wahusika wa zamani wanapita mmoja mmoja kuaga. Wakati huo macho yako yalikuwa yanaona mwanga na vivuli tu. Ulihitaji mtu wa kukaa karibu na sikio lako akueleze kila kitu. Nyangeta akasema atakaa yeye. Ukakataa. "Wewe unafasirigi kama unasahihisha madaftari. Nataka anisimulie mtu anayeipenda."

Ukaenda kwa kaka zako Butiama kuomba aibu ya ukweni iondolewe. Nilisimuliwa kikao kile na Nyangeta, naye alikuwa anafuta machozi ya kicheko. Kaka yako mkubwa akauliza, "Kwa ajili ya sinema?" Ukamjibu kwamba umeshamkimbia mkwe wako vya kutosha na sasa miguu imechoka. Wakanong'ona, wakatazamana, mwishowe wakasema mbuzi na blanketi. Nilileta mbuzi, nilileta blanketi, nikakufunika mabegani mbele yao wote kama nilivyoelekezwa, na kwa mara ya kwanza nikakuona uso. Ulikuwa na mwanya. Hakuna aliyewahi kuniambia kwamba una mwanya.

Jumapili ile ulikaa kwenye kiti chako na mimi kwenye cha pembeni. Majirani walijaa hadi mlangoni. Nikaingiza mkanda, nikabonyeza, maandishi yakaanza kupanda, na umeme ukakatika.

Watu walingoja, wakaguna, wakatoka uani kupunga upepo. Tukabaki wawili mbele ya kioo cheusi. Niliona aibu kama vile umeme nimeukata mimi. Wewe ukanigusa mkono.

"Kwangu ni sawa tu," ukasema. "Hata ungewaka nisingeona. Simulia."

"Nisimulie nini, mama? Sijauona."

"Si unajua tunaowataka? Walete."

Nikaanza kwa woga. Nikasema chombo kimetua, mlango umefunguka, na Bati ameandaa meza. Ukauliza ameandaa nini. Nikasema ugali wa mtama na sato. Ukasema vizuri. Nikamleta Mlanguzi na boksi la sabuni kichwani, amekonda, anaomba msamaha. Nikamleta baba yake Kipara, akatoa kile kibao. Ulicheka, mwanya wote nje. Kisha nikamleta Bibi Redio. Nikasema amepita mlangoni na vumbi jekundu miguuni, amenenepa, amesalimia kila mtu, hakai, ana watu wa kuwatunza huko aliko. Ukamshukuru Mungu.

"Na mzee wangu apite," ukasema. Mumeo alikuwa amefariki kabla sijaja kuoa. Nikasema sawa, anapita, amevaa nini? Ukanipa koti, ukanipa fimbo, mimi nikamtembeza. Akamwuliza Kipara kama huko juu mvua zimenyesha, akaondoka zake.

Nikadhani tumemaliza. "Na mama yako," ukasema.

"Mama yangu simkumbuki sura."

"Mimi namkumbuka. Huyo nitamleta mimi."

Sikuelewa, mpaka ulipoanza. Ukasema ulikuwaga unamwona mnadani Butiama, mwanamke mrefu kutoka Majita, anauza furu wakavu, wale samaki wadogo tuliowala kabla sangara hajawamaliza. Alikuwa anacheka kwanza ndipo aseme lililomchekesha. Ukinunua anakuongezea wawili, halafu anajidai kashangaa wamefikaje kwenye kapu lako. Siku ya mwisho kumwona alikuwa na mtoto mgongoni, na mtoto huyo alikuvuta kilemba, ukamfinya shavu. Ulikuja kujua kwamba mtoto yule ni mimi siku nilipoleta posa na kutaja ukoo wangu na jina la mama. Nikakuuliza kwa nini hukuniambia miaka yote ile. Ukasema mambo kama hayo hayapitishwi dirishani, wala hayatumwi kwa mtu mwingine.

Nililia, mama, na sikuona haya. Ukaendelea kumwingiza chomboni, na kapu lake, akiinama kidogo mlangoni kwa urefu wake.

Hapo umeme ukarudi. Kioo kikawaka, muziki ukapiga, majirani wakaja mbio kutoka uani wakisukumana. Nikainuka kwenda kuongeza sauti. Ukanishika shati.

"Zima kwanza, mwanangu," ukasema. "Mama yako bado hajakaa."

Nikazima. Watu waliguna, kisha wakakaa wakakusikiliza.

Neema bado ananifuata na simu yake, anataka nichague jina ambalo dunia inalijua. Nimemwambia mimi sidai kitu, nimeshapewa zaidi ya mashabiki wote. Macho yangu nayo sasa yameanza ukungu, na kila Jumapili anakaa pembeni yangu ananieleza kinachopita kwenye kioo. Anasimulia vizuri, anaongeza chumvi, na Nyangeta anasema karithi kwako.

Pumzika salama, mama. Na ukikutana na yule mwanamke mrefu wa furu, mwambie sasa namjua.

Mwanao,
wa Mukendo