Lugha Isiyo na M Wala N

Jumamosi, 3 Februari 1990
Ukurasa wa arobaini. Napiga chapa tangu asubuhi. Ni maelezo ya mume wangu, Owino, kuhusu sauti za lugha moja ndogo ya kisiwani, upande wa Papua. Mwaka wa pili huu yuko huko akiisomea. Wanaoisema hawajazi hata soko letu la Mamboleo. Haina m. Haina n. Ameandika: ziba pua useme, hakuna kitakachobadilika. Nimeziba. Kweli. Nikacheka peke yangu, kisha nikakasirika. Mume wa kucheka naye kwa barua.

Jumatatu, 5 Machi
Kaseti imefika. Bibi kizee anayemfundisha amenisalimia kwa jina. Anyango imemshinda. “Adago,” anasema. Mara tatu, polepole. Nimelia. Nimeona wivu pia. Yeye anamwona kila siku.

Jumatano, 28 Machi
Redio imesema kisiwani kuna mapigano. Ndege hazitui. Posta wamenirudishia barua yangu.

Jumapili, 8 Aprili
Mama mkwe amefika kutoka Awasi. Ameomba kusikia kaseti. Owino anatamka, anakosea, bibi anamrekebisha, anatamka tena. Hatuelewi hata neno. Mama alisikiliza mpaka upande ukaisha.
“Huyo mama hawezi kumwacha afe,” akasema. “Sikia vile anamfundisha.”
Kisha tukala.

Ijumaa, 20 Aprili
Hakuna habari. Sichapi tena. Jioni nimetembea hadi Dunga. Ziwa tu. Maji haya hayafiki kwake.
Namtaka. Basi.

Jumanne, 15 Mei
Telegramu, shuleni ninakofundisha. “Nimetoka. Nakuja.” Nilikaa sakafuni mbele ya mwalimu mkuu. Sikuona haya.

Jumamosi, 16 Juni
Wiki mbili sasa Owino yuko nyumbani. Amekonda. Anaongea kidogo. Jana ndipo aliponieleza: wenyeji walimvusha usiku kwa mtumbwi. Bibi alikataa kupanda, akauliza nani atapalilia viazi vitamu vyake. Tangu hapo hajui kama yuko hai.

Nilidhani akirudi nitashiba. Bado. Nusu yake iko huko.

Leo ameamka mapema, akalima nyuma ya nyumba. Matuta ya viazi vitamu, ya mviringo, si kama yetu. Jirani alisimama kutazama, akaenda zake. Nimeazima jembe la pili, nikaanza upande wa pili.