Jiwe la Pilipili

Hell-Ville, Nosy Be
20 Novemba 1979

Kwa Baba yangu Mchangama,

Assalaam alaykum. Nakushika miguu, na Mama namshika miguu vilevile. Natumai goti lako limepoa na mdogo wangu Faouzia ameacha kukohoa. Huku sisi wazima. Mama mdogo Kouraichia ana jino linalomsumbua lakini hataki ling'olewe, anasema alikuja nalo na ataondoka nalo.

Baba, nina habari. Isome wewe kwanza kabla ya kumsomea Mama.

Jumamosi ilifanyika sherehe ya kumaliza msimu wa miwa, katika ukumbi wa sinema. Wakachagua mrembo wa kisiwa. Tulikuwa wasichana kumi na wanne, nikachaguliwa mimi. Nilivaa nguo ndefu ya Mama mdogo na shiromani yake nyekundu begani. Sikuonyesha kitu zaidi ya uso.

Nilikuandikia mwezi wa Agosti juu ya wale wageni wa sinema walioletwa huku kupumzika. Kati yao alikuwa bibi mmoja wa Burma, Daw Nyein. Alipita mbele ya uwanja wetu akaniona uso wote nimepaka msindzano, akacheka mpaka akakaa kizingitini. Kisha akafungua mkoba akatoa kipande cha mti. Kwao nao husaga mti juu ya jiwe lenye maji wakajipaka usoni! Tulisaga pamoja, wake na wangu, na mkalimani akatueleza. Alipokuwa na miaka kumi na tisa alichaguliwa mrembo wa mji wao. Picha yake ikawekwa kwenye kalenda, mtu wa filamu akaiona kalenda hiyo kwa kinyozi, na leo amekwisha kucheza filamu ishirini na anangoja televisheni ifunguliwe kwao. Wakati wa kuondoka alinishika kidevu akasema neno. Mkalimani akasema, "Anasema uso huu utafute kazi."

Najua mimi ni binti wa kwanza, na binti wa kwanza haonekani ovyo kabla ya harusi kubwa. Mweleze Mama taratibu.

Mwanao,
Hayrat


Mahabibo, Mahajanga
9 Desemba 1979

Kwa mwanangu Hayrat,

Wa alaykum salaam. Goti limepoa. Faouzia bado anakohoa, mchana zaidi kuliko usiku. Mvua ya kwanza ilinyesha tarehe mbili, na paa la duka likavuja palepale pa mwaka jana. Nimezisogeza redio za watu zinazongoja kutengenezwa.

Barua yako ilifika tarehe sita. Gazeti lenye picha yako lilifika tarehe nne. Kwa hiyo mama yako hakuipata habari kutoka kwangu. Aliipata kwa muuza samaki, aliyefungia samaki wawili ndani ya picha yako. Nilikuwa kando yake. Aliikunjua, akaitazama, akamwambia muuzaji: "Nipe karatasi nyingine."

Kesho yake Ibouroi alikuja na mjomba wake. Unajua kwamba amejiandaa miaka sita kukuoa kwa harusi kubwa, na mtaa wote unajua. Alizungumza kwa adabu. "Mzee, mimi si mtu wa kugombana," alisema. "Lakini siku ya kumfunua bi harusi, nitamfunua kwa nani, ikiwa hata muuza samaki amekwisha kumwona?" Mjomba wake akakohoa. Mama yako akawapa chai, wakanywa, wakaenda. Vikombe aliviosha mara mbili.

Mimi picha nimeiona. Utepe umekaa upande, na wewe umekonda.

Baba yako,
Mchangama


Hell-Ville
3 Januari 1980

Kwa Baba,

Assalaam alaykum, na nakushika miguu. Natumai mvua imewahurumia. Hapa joto, na jino la Mama mdogo limehamia upande wa pili, hivyo ndivyo anavyodai.

Barua yako nimeisoma mara nne nikitafuta mstari mmoja. Tangu mliponileta huku baada ya ile Desemba ya 1976, Wakomoro walipouawa hapo Mahajanga, kila barua umeimaliza na "Mama yako anakusalimu." Safari hii mstari huo haumo. Umesahau, Baba? Niandikie tu kwamba umesahau.

Siku hizi nakumbuka sana asubuhi za uwanjani kwetu. Mama kwenye kigoda, jiwe la matumbawe la bibi mapajani, analinyunyizia maji kwa vidole vitatu na kuuzungusha mti polepole mpaka uji wa manjano ukusanyike pembeni. Mimi na Faouzia tumesimama mstarini na nyuso zetu. Alianza na mimi, kwa kuwa mimi mkubwa, na alinishika sikio nisicheke. Alisema jiwe lile litakuwa langu siku nitakapoolewa.

Nimeitwa Tananarive, kujaribiwa kwa mchezo wa redio. Jumatatu navuka kwenda Ankify, kisha barabara. Mwambie Mama. Na salamu zake nazisubiri.

Mwanao,
Hayrat


Mahabibo
2 Februari 1980

Kwa mwanangu Hayrat,

Wa alaykum salaam. Sisi wazima. Kimbunga kilipita mbali.

Sikusahau. Kila nilipomaliza barua nilimwuliza mama yako, "Niandike nini kwa upande wako?" naye akasema, "Mwambie namsalimu." Nikaandika. Mwezi wa Desemba nilimwuliza, akaendelea kuchambua mchele. Jana nimemwuliza tena, akaondoka kwenda kuanua nguo ambazo hazijakauka.

Ningeweza kuuandika mstari ule ukafurahi. Lakini siku atakaposema kweli, utajuaje? Faouzia anatucheka kwamba nyumbani tunasema Kikomoro, sokoni Kimalagasi, halafu mimi na wewe tunaandikiana Kiswahili cha marehemu babu yako. Ndicho nilichofundishwa kuandikia. Babu alikuwa akiwaandikia wafanyabiashara wa Zanzibar, na alinichapa siku nilipoandika kwamba shehena imefika, kumbe jahazi lilikuwa halijaonekana. Tangu siku hiyo naandika kilichofika.

Barua zako namsomea zote, naye hukaa mpaka mwisho. Hilo naweza kuliandika.

Nakutumia shuka zito. Wanasema huko baridi.

Baba yako,
Mchangama


Tananarive
11 Julai 1983

Kwa Baba,

Assalaam alaykum. Nakushika miguu wewe na Mama. Baridi ya huku inaingia kwenye meno. Shuka lako bado ninalo.

Nisamehe kwa mwaka mzima wa kimya. Nilitaka kuandika nikiwa na jambo la kuonyesha. Mwaka wa kwanza kwenye redio nilikuwa mlango: walikuwa na mlango wa mbao usio na nyumba, mimi nikaufungua na kuufunga karibu na kipaza sauti. Mwaka wa pili nikawa jirani anayepiga hodi. Sasa nina jina na maneno yangu, na mwezi ujao naingia kwenye mchezo wa televisheni. Ni mtumishi tu, lakini naonekana kuanzia kichwa mpaka miguu. Walipotaka kunijaribu waliniuliza nimefanya nini kabla. Nikasema nilikuwa mrembo wa Nosy Be. Mmoja akasema, "Warembo tunao, tunatafuta mtu anayeweza kubeba ndoo." Nikaibeba. Ilijaa maji, Baba, na sikumwaga.

Niliipata ile kadi ya Daw Nyein mliyonitumia. Televisheni imefunguliwa kwao, na yeye sasa anachezeshwa kina mama. Anasema inamfaa.

Mstari wangu je?

Mwanao,
Hayrat


Mahabibo
14 Agosti 1986

Kwa mwanangu Hayrat,

Wa alaykum salaam. Mimi nina sukari kidogo, daktari kanikataza halua. Mama yako mzima. Faouzia ameolewa tarehe mbili, na mumewe ni fundi seremala, mtu mpole. Aliomba apewe jiwe la bibi. Mama yako akamnunulia jiwe jipya. Hakueleza, na Faouzia akanuna siku mbili.

Ibouroi ana watoto watatu. Tukikutana ananisalimu vizuri.

Sasa habari yenyewe. Msa, jirani yetu wa zamani aliyehamia Antanimasaja, amenunua televisheni. Mimi ndiye niliyempandishia antena. Picha ina chenga, lakini mtu anatambulika. Kila Alhamisi baada ya magharibi, siku ya mchezo wenu, uwanja wake unajaa. Alhamisi ya kwanza nilimwambia mama yako, akasema ana kazi. Ya pili pia. Ya tatu nilikuwa nimekaa mbele, nikageuka kutafuta mahali pa kuweka goti, nikamwona nyuma kabisa karibu na mtungi. Alikuwa amepaka msindzano uso mzima, mzito, mpaka kwenye nyusi, na amejifunika. Asubuhi wanawake wote wa mtaani hupaka hivyo. Jioni ni yeye peke yake. Alidhani hatambuliki. Mke wa Msa akamletea mkeka akamwambia, "Karibu, mgeni," na watu wakaangalia pembeni wasicheke.

Amekuja hivyo Alhamisi nne. Huondoka kabla yangu, na nikifika nyumbani namkuta uso umeoshwa, ananiuliza nilikuwa wapi.

Baba yako,
Mchangama


Tananarive
1 Septemba 1986

Baba, je, alisema kitu?

Hayrat


Mahabibo
19 Septemba 1986

Hapana.

Baba yako


Mahabibo
10 Juni 1988

Kwa mwanangu Hayrat,

Wa alaykum salaam. Natumai uko mzima, hasa uso. Utaelewa mbele. Sisi hatujambo.

Naandika asubuhi hii nisije nikachanganya mambo. Jana, Alhamisi, ilikuwa ile sehemu ya mchezo ambayo wewe, unayecheza mama, unamwandaa binti yako kuolewa. Uwanja wa Msa ulikuwa na watu kama arobaini. Mama yako alikuwa mahali pake karibu na mtungi, uso umepakwa kama kawaida. Ukaingia na jiwe, ukakaa kwenye kigoda, ukanyunyiza maji, ukaanza kusaga mti. Wanawake wakasema ndivyo, ndivyo hasa. Ukaanza kwa kujipaka mwenyewe shavuni.

Hapo mama yako akasimama. Alipiga kelele mpaka mtungi ukatikisika: "Hayrat! Liache! Hilo jiwe la pilipili!"

Watu wote wakageuka. Akapita katikati yao, akakanyaga mkono wa Msa, akafika mbele na kunyoosha kidole hadi kwenye kioo. "Tazameni katikati, limechimbika! Jiwe la msindzano halichimbiki, hili limepondewa pilipili na vitunguu saumu! Nani kampa mwanangu jiwe la jikoni? Atababuka! Hayrat, nawa!"

Msa alimwambia kwa upole, "Bibi Fatoumia, hakusikii."

"Nawe kaa kimya," alimjibu, "nyumba nzima ya wanaume hakuna aliyeona."

Nilisimama nikalitazama jiwe kwa karibu. Ni kweli lilikuwa la pilipili. Mimi sikuwa nimeona.

Njiani alikuwa bado anasema. Msindzano ulikuwa umemkauka ukapasuka mashavuni, na hakujali nani anamwona. Tangu tarehe nne Desemba 1979 hakuwa amelitamka jina lako. Ni miaka minane na miezi sita. Jana alilitamka mara mbili mbele ya watu, na nyumbani nilihesabu mpaka tano nikaacha.

Leo asubuhi nimemwuliza, "Niandike nini kwa upande wako?" Akasema: "Mwulize uso wake umebabuka?" Basi nakuuliza.

Baba yako,
Mchangama


Hell-Ville
6 Julai 1988

Kwa Baba na kwa Mama,

Assalaam alaykum. Nawashika miguu. Barua imenikuta huku kwa Mama mdogo, nimepewa mapumziko mpaka Septemba. Jino lake hatimaye limetoka lenyewe, na ameliweka kwenye kopo.

Mama, uso ulibabuka. Siku mbili nzima, shavu la kulia, na jicho likatoa machozi. Wale wa vifaa ni watu wa bara, walitumwa watafute jiwe la kusagia, wakaliazima kwa mpishi wa mkahawa. Walilisuuza wakadhani basi. Nilisikia harufu nilipokuwa nimekwisha kupaka, na kamera inakwenda. Mwongozaji akasema yale machozi yalikuwa mazuri sana, mama anayemlilia binti wa kuolewa. Watu wameniandikia kunisifu. Hakuna hata mmoja aliyesema jiwe. Ni wewe tu.

Nilipokuwa nalia pale mbele ya kamera nilikuwa nacheka moyoni, nikawa nafikiri: Mama angekuwepo angenishika sikio.

Wanataka kupiga picha sehemu nyingine ya harusi mwezi wa Septemba. Niwaambie watafute jiwe la aina gani?

Mtoto wenu,
Hayrat


Mahabibo
24 Julai 1988

Kwa mwanangu Hayrat,

Wa alaykum salaam. Sukari imeshuka. Goti lipo.

Nilimsomea mama yako barua yako jana. Alinitaka nirudie mahali pa shavu, na mahali pa sikio. Kisha akaingia ndani akatoka na jiwe la bibi. Alikuwa amelifunga kwenye shiromani ya harusi yake. Sikujua liko wapi miaka yote hii. Faouzia alikuwepo, akasema, "Mama, si ulisema ni la siku ya harusi yake?" Mama yako akamjibu, "Harusi ipo au haipo, mkubwa ni yeye."

Nililipima kwenye mizani ya dukani. Ni kilo tano na robo. Nilimwambia nitalipeleka posta Jumatatu. Akasema posta watalivunja. Nikamwambia nimtafute dereva mwaminifu. Akasema madereva wanaketi juu ya mizigo ya watu.

Basi anakuja nalo mwenyewe. Ataondoka hapa Alhamisi tarehe kumi na moja Agosti, gari la alfajiri. Njia ni mbaya, inaweza kuchukua siku mbili au tatu, kwa hiyo kuanzia Jumamosi uwe Ankify upande wa boti. Amekwisha kununua unga wa mikate ya njiani ya kutosha watu sita. Jiwe hatakubali mtu alibebe, lakini wewe jaribu.

Nimemwuliza kama kawaida niandike nini kwa upande wake. Akasema nisiandike kitu, safari hii salamu atazileta yeye.

Baba yako,
Mchangama