Tailizi za Faustina

Jumanne, 6 Agosti 2024
Mahakama inakuja shambani kwangu! Hakimu ameteua makamishna wawili waje kukagua, waone shamba ni la nani, langu au la Vitus. Vitus mtoto wa shemeji yangu, huyu huyu niliyemnywesha uji. Leo anadai baba yake alimwazima tu marehemu mume wangu shamba hili. Haya.

Nimempigia mwanangu Philbert, yuko Mbeya, mtaa wa Soweto. Injinia wa barabara. Kijiji kizima hakuna mwingine, na wasikasirike. Akauliza nina ushahidi gani usiohamishika. Nikamwambia kaburi la dada yako. Faustina, kifungua mimba wangu, surua ilimchukua. Hapa kwetu nani anazika mtoto kwenye shamba la kuazima?

Alhamisi, 8 Agosti 2024
Nane Nane. Philbert hakwenda kazini, kaja na gari lake, nyuma tailizi tupu — nyeupe na bluu. Alisema wageni wa mahakama hawawezi kumkuta dada yake chini ya rundo la mawe na majani. Kweli kabisa. Fundi Saulo aliyaondoa yale mawe ya zamani, akayaponda, akayajaza kwenye msingi.

Jioni kaburi linang'aa, unaliona toka barabarani. Jirani yangu Rozalia amesema hata mapadre hawajajengewa hivi. Nikamwambia azae injinia.

Jumatano, 14 Agosti 2024
Wamekuja. Mmoja wakili, Prisca, binti mpole, kavaa raba. Mwenzake mpima, Obeid, na mashine yake. Wamezunguka mpaka wote, sisi nyuma, na Vitus na watu wake.

Pale kaburini Prisca akaniuliza lilijengwa lini. Nikajibu kwa sauti, wote wasikie:
"Alhamisi iliyopita. Kajenga mwanangu, injinia."
Akaandika. Hakuinua kichwa.
Vitus akasema, polepole tu, "Mama mdogo, saruji bado mbichi. Humo yupo nani?"
Nikasema yupo Faustina.
Obeid akataka kuona mawe ya zamani. Saulo akaonyesha chini ya tailizi.

Nikaelewa. Sikulia. Nilirudi nyumbani nikafua mashuka, na yalikuwa masafi.

Ijumaa, 16 Agosti 2024
Nimeshinda bondeni kwenye kinyungu, bustani yangu ya mboga, namwagilia kabichi. Sina la kuandika.

Jumanne, 27 Agosti 2024
Nimetoka mahakamani, Iringa mjini. Makamishna hawakunionea, wameandika walichokiona: kaburi jipya, la zamani halionekani. Waliomzika wametangulia. Rozalia anakumbuka kilio, ila mahali hawezi kuapa, yeye alibaki jikoni na wanawake. Upande wa Vitus wakaomba kaburi lifunguliwe. Hakimu amekubali.

Nilikuwa naangalia feni ya mahakama. Haizunguki.

Philbert amesema kwenye simu, "Mama, waache wafungue. Wakimkuta, tumeshinda."
Wakimkuta.

Faustina alikuwa ananyonya bado. Sanduku halikuwepo, nilimfunga kitenge changu cha harusi. Kipande kile masika kinajaa maji. Sijui kitenge kinakaa miaka mingapi kwenye udongo. Sijui mifupa ya mtoto. Philbert sikumwambia. Hakumjua dada yake, alizaliwa baadaye. Ana akili sana lakini haya hawafundishi chuoni.

Alhamisi, 29 Agosti 2024
Rozalia kaja kuuliza: ni msiba au ni kesi? Wanawake wa jumuiya hawajui wavae nini, wala kama waimbe. Nimemwambia hata mimi sijui. Tukakaa. Akanipikia chai, ikapoa.

Saulo ameagizwa alete nyundo. Vitus kapita hapa, kasalimia "shikamoo mama mdogo", nimeitikia marahaba. Mdomo umeitikia wenyewe.

Kaburi litafunguliwa Jumatatu, tarehe 2 Septemba, saa nne asubuhi. Makamishna, bwana afya, polisi, Vitus na ndugu zake, Philbert kutoka Mbeya. Wote wanakuja.