Walihesabu Minazi, Wakachukua Ardhi

Likoni, Mombasa
Mwezi 20 Mfunguo Nane, 1367
(Waridi asema kwa hesabu ya Kizungu ni tarehe 31 Machi, 1948)

Mpendwa mjukuu wangu Boga,

Huna haya. Nalitanguliza hilo lisije likapotea katikati ya salamu. Mtu aletewa habari ya msiba wa mjomba wa mamake, ajibu msiba kwa mstari mmoja, kisha kurasa mbili nzima asimulie bendera na ngoma! Nani alikulea wewe? Ni mimi, na ndiyo maana naona aibu.

Baada ya hilo, assalaam alaikum. U hali gani? Kifua chako cha tangu udogo kimetulia, au mvua za Kolombo zimekizidisha? Wala chakula vizuri? Mwenye nyumba yako ni mtu mwema? Nijibu haya kwanza utakapojibu, usiruke.

Sisi tu wazima kwa kiasi chetu. Mimi magoti hayainuki mpaka nishikwe. Mamako Mbeyu ana homa inayokwenda na kurudi. Ukimwuliza atasema hajambo, nawe utaiamini hajambo yake kwa kuwa yakufaa. Dadako Waridi ndiye atupikiaye na ndiye anisomeaye barua zako. Hii nimeiandika mwenyewe kwa herufi za chuoni, za Kiarabu, kwa kuwa za Kizungu sizijui. Waridi ana mkono mzuri, lakini kila nimwambialo ataka kulitia sukari.

Zamani nikikuita mume wangu, ulikimbia ukajificha nyuma ya mtungi. Siku hizi majirani wakiniuliza, "Bibi, mumeo yu wapi?" nawajibu, "Ameolewa Kolombo." Wanacheka. Mimi sicheki.

Sasa sikiliza namna tulivyomzika ndugu yangu Tsuma, kwa sababu hukuuliza.

Alikufa alfajiri, na usia wake ulikuwa mmoja tu: alazwe kando ya mama yetu. Wajua mama yetu alipo. Yumo ndani ya seng'enge waliyotia wanajeshi mwaka ule wa vita manowari zilipojaa Kilindini. Wakasema ni kwa ajili ya vita tu. Vita vimekwisha, vijana wamerudi, wengine hawakurudi, na seng'enge ipo palepale. Ndani hakuna mzinga wala askari wa maana, ni majani yanayofika kiunoni na kibanda cha mlinzi.

Wanawake hatufuati jeneza, hilo sina haja ya kufundishwa. Lakini nilijua litakalotokea, nikafuata kwa mbali na fimbo yangu. Wanaume walipofika langoni, mlinzi akawazuia. Kijana wa bara, mpole, hakumtukana mtu. Nikasogea.

Akaniambia, "Mama, hapa ni mali ya serikali."

Nikamwambia, "Mama yako ni nani? Mama yangu mimi yumo humo ndani, tangu babako hajazaliwa."

Akatazama chini. Akasema hana ruhusa, akifungua atapoteza kazi. Jeneza likasimama juani, wanaume wakibadilishana mabega, mpaka imamu akasema maiti hastahili kungojeshwa hivyo. Tukageuka. Tsuma amelala kwa wakwe zake, chini ya njia ya mikokoteni, mahali ambapo hakuna hata mmoja wa watu wake. Mimi nimezika wengi, Boga. Hakuna niliyemzika kwa kumrudisha nyuma.

Siku ya hitima alikuja Erastus, yule karani wa Changamwe aliyesimama na wagomaji mwaka jana. Si wa dini yetu, lakini alikaa mkekani na watu mpaka mwisho. Akatuambia twende tukadai shamba letu lililomo ndani ya seng'enge. Tukaenda. Bwana wa ardhi wa serikali akatutolea karatasi yenye dole gumba la Tsuma, akasema mzee huyu aliuza na akalipwa.

Aliuza! Wewe wajua alichouza. Hapa kwetu mnazi una mwenyewe na udongo una mwenyewe. Mimi nina minazi mitatu katika shamba la watu kule Kisauni, na sijapata kwenda kudai mashimo ya mizizi. Tsuma alipowaona wale wazungu wanaipaka minazi chokaa na kuihesabu mmoja mmoja, alijua wanalipa minazi, kwa sababu wataikata. Nani angejua vingine? Hakuna aliyehesabu udongo. Hakuna aliyeyatia makaburi chokaa.

Bwana yule akasema hayo ni maneno ya barazani. Lakini atatusikiliza tena mwezi wa Rajabu, kabla hajafunga shauri. Erastus akaniambia tulipotoka, "Bibi, mwenye kujua alichoambiwa mzee ni mmoja tu, naye yuko Kolombo anatazama bendera."

Alisema kwa mzaha. Uliniingia kama mwiba.

Maana siku Tsuma alipotia dole ulikuwapo. Ulikuwa karani wa kambi, umevaa kaptura iliyopigwa pasi mpaka yasimama peke yake, umesimama katikati ya Bwana wa jeshi na babu yako Tsuma. Bwana akisema, wewe wageuza kwa Kiswahili. Tsuma akisema, wewe wageuza. Mimi nilikuwa pale kizingitini na nilisikia Kiswahili chote. Ulisema, "Babu, wanalipa minazi, tia dole hapa." Hayo nayakumbuka. Lakini Kizungu kiliingia sikioni mwako peke yako, na miezi miwili baadaye ukapanda meli.

Nakuuliza sasa, na sijapata kukuuliza kwa miaka yote hii: yule Bwana wa jeshi alisema nini?

Kama alisema minazi, njoo useme minazi. Kama alisema ardhi, nawe ukaona mzee atakataa, ukaogopa kazi yako, ukalimeza lile neno, basi njoo useme hilo pia mbele ya watu. Hapo Tsuma atakuwa hakuuza, kwa kuwa mtu hauzi asichoambiwa. Erastus asema hata Bwana wa ardhi hawezi kulipita hilo kwa urahisi. Aibu itakuwa yako, najua. Nitakaa nawe kwenye benchi moja. Ukoo huu umebeba mabaya kuliko hayo na bado twaamkiwa.

Nimesomewa habari zako za hiyo Seloni uliko kupewa nchi yake na Mwingereza. Watu wamejaa barabarani, umelia kwa furaha. Mwenyezi Mungu awabarikie, sina kijicho nao. Lakini ukaandika tusijichoshe na shauri, kwamba zamu ya pwani yetu itakuja, na siku hiyo vyote vitarudishwa vyenyewe. Vyenyewe! Katika barua hiyohiyo umesema wazungu wa chai bado wako mashambani mwao huko na wala hawafungi mizigo. Basi umeona nini wewe, zaidi ya kitambaa?

Mimi nimekaa chini ya bendera nyingi. Nilikuwa msichana watu wa Kampuni ya Waingereza walipokuja na yao. Nyekundu ya Sultani yapepea gerezani, pale ngomeni, hata leo, na wasomi watwambia nchi hii ni yake, Mwingereza ni mpangaji tu. Kwa Sultani hatukupata udongo wetu, kwa mpangaji hatukupata. Huyo wa tatu atakayekuja ataikuta karatasi yenye dole la Tsuma, naye ataisoma kama walivyoisoma hawa. Uhuru wenu ukifika, inshallah, nataka utukute juu ya ardhi yetu. Usitukute kando ya seng'enge tukipiga vigelegele.

Sikulaani. Nimejaribu, usiku mmoja nikiwa na hasira, ulimi ukakataa. Wewe ni damu ya binti yangu, na kwa desturi yetu ya zamani ya kumrithi mjomba, shamba lile lingekwenda kwa mamako na kwako, si kwa mwingine. Unayemkimbia ni wewe mwenyewe.

Mamako akusalimu sana na asema uvae kitu kizito kifuani. Waridi akusalimu, ameposwa, lakini ataka kakake ndiye aitwe siku ya kuitikia posa. Erastus akusalimu kwa heshima zaidi ya uliyostahili. Nisalimie mwenye nyumba yako. Mungu akulinde na bahari, akupe moyo wa kusema na akufikishe salama.

Ni mimi nikupendaye hata nikikugombeza,
Bibi yako,
Mwanasaumu binti Nguma

Panda meli ya kwanza, hata ikikuzungusha Bombei, ufike kabla ya Rajabu kwisha. Ukishuka Kilindini usivuke kwa feri kuja kwangu. Nenda kwanza Changamwe kwa Erastus, umwambie maneno ya yule Bwana kama alivyoyasema, kwa Kizungu chake, yaandikwe na uyatilie sahihi. Ukishamaliza, ndipo uvuke.