Mabomu ya Makaburu na Mishale ya Baba Chacha

Jumapili, baada ya sala ya jioni

Namshukuru Mungu, leo moyo wangu umetulia.

Mchana tulikuwa tunapukuchua mahindi, mimi na mume wangu, Baba Chacha. Redioni wakaeleza jinsi makaburu wa Afrika Kusini walivyotengeneza mabomu ya nyuklia kwa siri, halafu wakayavunja wenyewe. Dunia ilikuja kuambiwa yakiwa yameshavunjwa.

Mume wangu akacheka. "Wale ni wanaume! Hata wake zao hawakujua."

"Walijua," nikamwambia. "Kwani nyumba anakandika nani?"

Mikono yake ikasimama. Mishale yake ya sumu, iliyobaki tangu koo zetu zilipopigania ng'ombe, ameichomeka kwenye nyasi za paa, juu ya mlango wa nyuma. Nimenyamaza miaka yote, ila tangu kijana wetu Chacha aanze kuwa na hasira za haraka, nimekuwa naogopa ataikuta.

"Umejua tangu lini kuwa ipo?" akaniuliza.

"Tangu nilipokandika ukuta ule mara ya kwanza."

"Wewe mwanamke! Ungekuwa kule, bomu lisingetengenezwa."

Jioni akaishusha mwenyewe, akaivunja mmoja mmoja na kuitumbukiza chooni. Nilitaka kuimba pambio, nikajizuia nisimwaibishe.

Sasa amebaki shemeji Marwa, kule Itiryo. Naye anayo mishale yake, na Chacha anaenda kumsaidia kuchunga likizo hii. Mungu wangu, sema naye pia. Tafadhali nijibu mapema, kabla shule hazijafungwa.